Chuo kimesogeza mtihani? Anza na muhuri wa mapokezi

Mwezi wa saba hapa Mtwara wanafunzi wa vyuo nawajua kwa mabegi yao. Anayefunga mwaka hushuka stendi na mabegi mawili, ndoo na godoro lililokunjwa. Anayeshuka na kibegi kimoja cha mgongoni, huyo mtihani umesogezwa, hela imemwishia, amerudi nyumbani kusubiri. Siku mbili tatu baadaye ananijia kibandani na simu mkononi, ananionyesha tangazo lililopigwa picha kwenye kundi la darasa: mitihani imeahirishwa hadi itakapotangazwa tena. Halafu swali ni lile lile: "Dada, tunaweza kuwashtaki?"

Mnaweza. Ila nikimuuliza, "Barua yenu iko wapi?" ananiangalia kama nimemuuliza habari za mwezini.

Nina kibanda cha kuchapa na kutoa kopi karibu na Soko Kuu, na nimesomea usaidizi wa kisheria. Niseme mapema ninapoishia. Chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, msaidizi wa kisheria kama mimi anakuelimisha, anakuelekeza, anakusaidia kupanga maneno yako. Kusimama mahakamani kwa niaba yako siruhusiwi, hiyo ni kazi ya wakili. Na msaada wenyewe ni bure. Ukiona nimechukua hela, ni ya karatasi na wino.

Haya mambo sikuyasoma tu, yalinikuta. Chuo nilichosoma kiko mbali na mikoa yetu hii ya kusini, na jina lake nitaliacha. Mwaka wangu wa mwisho UE, yaani mitihani ya mwisho wa muhula, ilisogezwa mara tatu, jumla wiki saba. Bumu, ile hela ya mkopo wa wanafunzi, lilikuwa limekwisha, mwenye nyumba anadai kodi ya miezi miwili mingine, na baba kule Tandahimba alishaniambia kuwa hela ya korosho iliyobaki ni ya salfa, dawa ya mikorosho, haiguswi. Tukakusanyika nje ya jengo la utawala tukaimba. Viongozi wetu wawili wakasimamishwa masomo. Kuanzia siku hiyo tukawa tunapigania warudishwe, mtihani tukausahau. Tulikuwa zaidi ya mia mbili, na hakuna hata mmoja aliyekuwa ameandika barua.

Kwanza jua umecheleweshewa nini

Kuna mtihani uliosogezwa kwa darasa zima au chuo kizima. Hapo ndipo mwongozo huu unapohusika zaidi.

Kuna wewe peke yako kuzuiwa mlangoni kwa sababu ya ada. Huo si mtihani uliocheleweshwa, ni deni, na dawa yake ni kuandika kabla ya mtihani kuomba kulipa kwa awamu, ukiambatisha uthibitisho wa hela inayokuja. Mwaka juzi kijana mmoja wa Newala alikuja na karatasi ya AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, ya baba yake kuonyesha kilo zilizopelekwa ghalani zikisubiri malipo ya mnada. Tukaiambatisha, akaruhusiwa. Sikuahidi kuwa kila chuo kitakubali, ila karatasi ile ilisema kuliko machozi.

Na kuna aliyeugua au aliyekwama njiani. Mei 2024, kimbunga Hidaya kilipopita na barabara ya kwenda Dar kukatika kule Somanga, kukwama njiani hakukuwa hadithi ya kubuni. Huyo anaomba mtihani maalumu, na anaomba siku ile ile, akiwa na tiketi ya basi au cheti cha hospitali. Ukikaa kimya hadi matokeo yatoke, umeshaitwa mtoro.

Turudi kwa lile la wote. Si kila kuahirisha ni kosa. Machi 2020 serikali ilifunga vyuo kwa sababu ya corona, vikafunguliwa tarehe 1 Juni. Chuo kilichosogeza mtihani kwa amri ile huwezi kukidai kitu. Sheria ya mikataba inatambua kuwa jambo likishindikana bila kosa la mtu, hadaiwi. Lakini walimu kutolipwa posho, mitihani kutochapwa, mfumo wa matokeo ya mazoezi kutojazwa, hayo ni mambo ya ndani ya chuo. Kwa hiyo sababu ya kuahirisha ni kitu cha kwanza unachopaswa kukipata kwa maandishi. Bila sababu hujui una kesi au huna.

Kusanya karatasi kabla ya kukusanya watu

Tafuta kalenda ya masomo ya mwaka huo, ile inayotolewa mwanzoni ikionyesha wiki za masomo na wiki za mitihani. Isome mpaka chini kabisa, kwenye maandishi madogo, maana vyuo vingine huandika kuwa kalenda inaweza kubadilika. Chukua kanuni za mitihani za chuo chako na barua yako ya kupokelewa. Tangazo la kuahirisha lihifadhi kama lilivyo, likiwa na tarehe na jina la aliyelisaini. Usilikate wala kulipamba kwa vikatuni. Tangu Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015, ujumbe wa simu unapokelewa mahakamani kama ushahidi, ila utaulizwa umetoka simu ya nani na kama haujachezewa. Usiifute ile ya asili kwenye kundi.

Risiti nazo. Nitazirudia mwishoni, maana ndizo zilizonitoa machozi.

Barua yenyewe

Wanafunzi wengi wakiandika barua huandika malalamiko: tunateseka, tunanyanyasika, wazazi wetu ni maskini. Yote kweli. Lakini barua ya namna hiyo hujibiwa kwa pole, au haijibiwi. Wewe dai tarehe. Hii ndiyo niliyoizoea, badilisha kulingana na hali yako:

> *(Jina lako, namba ya usajili, simu, tarehe)*
>
> Makamu Mkuu wa Chuo,
> Kupitia kwa: Mkuu wa Idara
>
> YAH: KUOMBA TAREHE YA MITIHANI YA MUHULA WA PILI ILIYOAHIRISHWA
>
> Husika na kichwa cha habari hapo juu.
>
> Mimi ni mwanafunzi wa mwaka wa tatu katika programu ya … Kalenda ya masomo ya mwaka huu ilionyesha kuwa mitihani ya muhula wa pili itaanza tarehe … Kwa tangazo la tarehe … mitihani hiyo iliahirishwa bila kutajwa tarehe mpya. Hadi leo zimepita siku …
>
> Naomba nijulishwe kwa maandishi: (a) tarehe mahususi mitihani itakapofanyika; (b) sababu ya kuahirishwa na kikao kilichoamua; (c) utaratibu wa malazi kwa muda ulioongezeka, na uthibitisho kuwa sitatozwa ada ya ziada kwa sababu hiyo.
>
> Naomba majibu ndani ya siku 14 tangu barua hii ipokelewe. Nisipojibiwa ndani ya muda huo nitahesabu kuwa ombi langu limekataliwa, na nitaendelea na hatua nyingine zinazoruhusiwa na sheria.
>
> Nakala: Mshauri wa Wanafunzi; Serikali ya Wanafunzi.

Ile sentensi ya kuhesabu kuwa umekataliwa, usiifute hata kama CR wako, mwakilishi wa darasa, ataiona ina kiburi. Kuna amri ya Mahakama Kuu inayomlazimisha mwenye mamlaka kutimiza wajibu wake. Mawakili huiita mandamus. Mwaka 1986, katika kesi ya John Mwombeki Byombalirwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Bukoba, Mahakama Kuu ilitaja masharti matano ya kuipata. La kwanza kabisa: mwombaji awe amedai jambo litimizwe, na aliyedaiwa awe amekataa. Mengine ni kwamba wajibu wenyewe uwe umewekwa na sheria na unakuhusu wewe raia. Uwe wa lazima, si wa hiari. Wewe mwombaji uwe na maslahi ya kweli katika jambo hilo. Na kusiwe na njia nyingine inayofaa. Sasa tazama, mdogo wangu: sharti la kwanza unalitimiza wewe mwenyewe kwa karatasi moja na nauli ya bodaboda. Sisi tulioimba nje ya utawala hatukuwa tumedai kitu chochote kinachoonekana.

Andikeni kila mmoja yake, hata kama maneno ni yale yale. Barua moja yenye sahihi mia mbili ina tatizo: wanatafuta nani aliyeianzisha. Barua mia mbili hazina kiongozi wa kusimamishwa.

Peleka nakala mbili. Moja inabaki masjala, ya pili inapigwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, unaondoka nayo. Katibu muhtasi akisema "acha tu hapo", mwambie kwa adabu, "Shikamoo mama, naomba unigongee na yangu." Akikataa, nenda na daftari la dispachi asaini. Kama umesharudi Nanyumbu au Liwale, tuma kwa EMS ya Posta utunze risiti, na tuma pia kwa barua pepe rasmi ya chuo. Nisisitize, barua pepe rasmi. Ujumbe kwa mhadhiri wako WhatsApp, hata akikujibu "sawa, nimekuelewa", haujafika chuoni.

Neno kuhusu Ibara ya 11

Kila anayekuja na rasimu yake tayari amenukuu Ibara ya 11 ya Katiba, haki ya kujielimisha. Ni ibara nzuri. Tatizo ni ilipokaa. Iko katika sehemu ya malengo muhimu ya mwelekeo wa shughuli za serikali, na Ibara ya 7(2) inasema wazi kuwa masharti ya sehemu hiyo hayatekelezwi kwa nguvu ya kisheria na mahakama yoyote. Wakili wa chuo ataanzia hapo, na atakuwa amekula nusu ya hoja zako kabla ya chai. Ukitaka kuegemea Katiba, Ibara ya 13(6)(a) ina uzito zaidi: haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu na kukata rufaa pale haki na wajibu wako vinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine. Lakini hasa egemea kanuni za chuo chenyewe. Mtu hubanwa zaidi na alichokiandika mwenyewe.

Siku 14 zikipita

Panda ngazi ya ndani hadi mwisho: Naibu Makamu Mkuu wa Chuo anayeshughulikia taaluma, Seneti, kisha Baraza la Chuo. Inachosha, ndiyo. Lakini mahakama itakuuliza kama ulimaliza njia za ndani, na jibu la "tulijua hawatatusikia" halikubaliki.

Sambamba na hapo, peleka malalamiko kwa msimamizi wa chuo. Shahada ni Tume ya Vyuo Vikuu, TCU. Stashahada na astashahada za vyuo vya kati ni baraza linalosimamia elimu ya ufundi, NACTVET. Yule anayekihusu chuo chako mwandikie kupitia Katibu Mtendaji, ambatisha nakala zenye muhuri. Ukikosea msimamizi unapoteza wiki tatu bure.

Kama chuo kinakataa kutaja sababu, tumia Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016. Ni kwa raia, na inazihusu taasisi za umma pamoja na binafsi zinazotumia fedha za umma. Omba kumbukumbu ya uamuzi wa kuahirisha. Wana hadi siku 30 za kukujibu.

Halafu kuna mlango ambao watu wa huku tunausahau wakati uko uani kwetu: Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora ina ofisi Lindi. Kutoka Mtwara ni safari ya asubuhi na kurudi jioni. Haitozi chochote, unaweza kueleza kwa mdomo wakakuandikia, na kazi yake ni pamoja na kuchunguza ofisi zinazokalia haki za watu. Haitoi hukumu, inatoa mapendekezo. Hata hivyo barua ya Tume ikifika chuoni, mtu aliyekuwa hapatikani huanza kupatikana. Angalizo moja: shauri likishakuwa mahakamani Tume hailigusi. Kwa hiyo Lindi kwanza, mahakama baadaye.

Mahakama ina milango miwili, na kila mmoja una saa yake

Kama mtihani bado haujafanyika na unachotaka ni ufanyike, mlango wako ni mapitio ya Mahakama Kuu, yale ya kuomba amri niliyoitaja. Kwanza unaomba kibali, ukiambatisha maelezo na kiapo. Kibali huombwa ndani ya miezi sita tangu kitendo au uamuzi unaoulalamikia. Ukikipata, maombi yenyewe unayafungua ndani ya siku 14. Miezi sita inaonekana mingi, lakini ndiyo hiyo hiyo unayoitumia kusubiri Seneti na Baraza, na hakuna anayekusimamishia saa. Ukichelewa unaweza kuomba kuongezewa muda, na utatakiwa kueleza kila siku iliyopita ulikuwa wapi. Andika tarehe ya tangazo kwenye kalenda ya ukutani, hesabu miezi minne, zungushia duara jekundu. Siku ya duara uwe umeshaonana na wakili.

Njia hii inafaa zaidi kwa chuo cha umma au pale wajibu unapotokana na sheria. Chuo cha binafsi mara nyingi utakutana nacho kwenye mlango wa pili, ambao ni mkataba. Ulilipa ada, wakaahidi masomo na mitihani kwa utaratibu uliotangazwa. Wakivunja bila sababu ya msingi na ukapata hasara, unadai fidia. Hapa una miaka sita, na mtihani ukishafanyika huu ndio mlango unaobaki, kwa kuwa mahakama haiwezi kuamuru kifanyike kilichokwisha kufanyika.

Ukidai fidia kwa chuo cha umma, marekebisho ya sheria ya 2020 yanakitia kapu moja na Serikali: unatoa notisi ya siku 90, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na lazima aunganishwe kwenye kesi. Nimewahi kuona wadai waliosahau hilo; kesi ilitupwa bila hata kuguswa hoja yao. Mkiwa wengi, ombeni mahakama iwaruhusu wachache wawakilishe wote, gharama zigawanywe. Kesi ya madai kwa kawaida hufunguliwa anapoishi mdaiwa au tatizo lilipotokea, kwa hiyo kama chuo kiko Mwanza usidhani utaishtakia hapa Mtwara kwa kuwa wewe ni wa Chikongola. Na usiogope lugha, tangu 2021 Kiswahili ndicho lugha ya mahakama.

Wakili humwezi? Nenda ofisi ya maendeleo ya jamii ya halmashauri yako uulize watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa.

Zile risiti

Hasara ya fedha unayoidai inathibitishwa shilingi kwa shilingi. Nilipokuja kujifunza hili, nilishamaliza chuo na nilikuwa bado ndani ya ile miaka sita. Nikafungua daftari kuhesabu: kodi ya miezi miwili, chakula cha wiki saba, nauli ya kuja nyumbani na kurudi, nafasi ya kazi ya muda pale bandarini iliyochukuliwa na mwingine. Wakili akaniuliza, "Risiti?" Kodi nilimpa mwenye nyumba mkononi. Chakula nilikula kwa mama ntilie. Tiketi za basi nilizitupa. Kazi niliahidiwa kwa mdomo. Kilichobaki na karatasi ni tiketi moja ya kurudi, iliyokuwa imejisahau ndani ya kitabu. Akaniambia kwa upole niende nayo nyumbani.

Kwa hiyo kodi lipa kwa simu, ujumbe wa muamala ubaki. Mwenye nyumba akitaka mkononi, mwandikie karatasi mbili asaini. Tiketi usitupe. Mwajiri aliyekuahidi nafasi mwombe akutumie hata ujumbe mfupi wenye tarehe ya kuanza. Kila jioni andika ulichotumia siku hiyo. Ukija kibandani njoo na hivyo vyote, pamoja na kalenda ya masomo na lile tangazo. Jumamosi nafunga saa nane.